Nyota ya Leopold kwenye bendera ya Kongo: iondolewe au ibaki?

Oktoba 2024, akiwa Kisangani, Rais Félix Tshisekedi alitangaza kwamba Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo inahitaji katiba inayoendana na hali yake. Watu wengi walikimbilia suala la mihula ya urais, na walikuwa na kila sababu. Lakini ibara ya kwanza kabisa ya katiba ya 2006 ndiyo inayoeleza bendera ya taifa: rangi ya samawati, nyota ya manjano kwenye pembe ya juu kushoto, na mstari mwekundu unaokatiza mshazari ukiwa na ukingo mwembamba wa manjano kila upande. Anayeifungua katiba hiyo anaifungua na bendera yake, na hapo linarudi swali ambalo Wakongo wamebishana juu yake kwa miaka: je, nyota ile inastahili kuwa pale?

Wanaotaka iondolewe wanaanzia Brussels. Mwaka 1876 Mfalme Leopold II wa Ubelgiji aliwaalika wanajiografia na wapelelezi wa Ulaya, na katika mkutano huo ikaundwa Jumuiya ya Kimataifa ya Afrika, iliyojinadi kuwa ni ya sayansi na ya kupiga vita biashara ya watumwa. Mwaka uliofuata jumuiya ikajipatia bendera: kitambaa cha bluu chenye nyota moja ya dhahabu katikati. Maana yake ilielezwa bila kificho, kwamba ni nuru ya ustaarabu inayoingia kwenye giza la Afrika. Tarehe 22 Aprili 1884 Marekani ikawa nchi ya kwanza kuitambua, ikawaagiza maofisa wake wa nchi kavu na wa baharini waihesabu kuwa bendera ya serikali rafiki. Serikali yenyewe haikuwepo bado. Dola Huru ya Kongo ilitangazwa 1885, kwa hiyo bendera iliitangulia nchi, na ndiyo iliyotumika kumtafutia mfalme mmoja uhalali wa kumiliki eneo ambalo hakuwahi kulikanyaga.

Yaliyofanyika chini ya kitambaa hicho yanajulikana. Wanakijiji walilazimishwa kuleta mpira wa msituni kwa uzito uliopangwa, na askari wa Force Publique, jeshi la mfalme huko Kongo, waliwakata watu mikono kuthibitisha kwamba risasi hazikupotea bure. Iko picha iliyopigwa 1904 ya baba aitwaye Nsala, ameketi barazani, akiangalia mkono na mguu wa binti yake vilivyowekwa mbele yake. Ubelgiji ilipoichukua nchi kutoka kwa mfalme mwaka 1908, haikubadilisha bendera ya koloni. Nyota ile ile ilipepea hadi 1960. Ukiyajua haya, huwezi kumwambia mtu anayekereka akiiona nyota kwamba anatafuta ugomvi na historia. Ana hoja nzito, na mara nyingi hajibiwi.

Upande wa pili huanza na tarehe 30 Juni 1960. Kongo ilipopata uhuru, serikali ya Patrice Lumumba na Rais Joseph Kasavubu ilipandisha bendera ya bluu yenye nyota kubwa katikati na nyota ndogo sita zimejipanga wima upande wa mlingoti, moja kwa kila mkoa: Léopoldville, Équateur, Orientale, Kivu, Katanga na Kasaï. Lumumba, ambaye siku hiyo hiyo alisimama mbele ya Mfalme Baudouin akayataja matusi na mapigo ya ukoloni moja baada ya jingine, aliiongoza nchi chini ya nyota. Watetezi wanasema hapo ndipo nyota ilipobadilisha mmiliki. Alama ni ya anayeibeba, si ya aliyeichora.

Hoja hiyo ni nzuri ila haitoshi. Viongozi wa 1960 walikuwa na miezi michache tu ya maandalizi. Mkutano wa Brussels ulioweka tarehe ya uhuru ulifanyika Januari na Februari mwaka huo huo. Kuendelea na bendera iliyopo na kuiongezea nyota sita kunaweza kuwa uamuzi, na kunaweza kuwa haraka. Tukisema Lumumba "aliitakasa" nyota, tunamtwisha jambo kubwa kuliko ushahidi tulio nao.

Kinachonivuta mimi upande wa kuibakiza ni jambo jingine, nalo ni orodha ya waliowahi kuiacha.

Wa kwanza ni Katanga. Moïse Tshombe alitangaza kujitenga tarehe 11 Julai 1960, siku kumi na moja tu baada ya uhuru, na bendera yake ilikuwa nyekundu, nyeupe na kijani, yenye misalaba mitatu ya rangi ya shaba. Misalaba ile ilikuwa ya kwao kweli: mafundi wa Katanga waliisubu shaba katika umbo hilo karne nyingi kabla ya Mbelgiji kufika, na ilitumika kama fedha. Kwa asili ya Kiafrika, hakuna bendera ya Kongo iliyoikaribia hiyo. Lakini ilipepea juu ya dola iliyosimamishwa na fedha za kampuni ya madini ya Union Minière na maofisa wa Kibelgiji, na katika ardhi yake Lumumba aliuawa tarehe 17 Januari 1961. Alama ya asili kabisa ilikaa juu ya mradi uliokuwa na uhuru mdogo kuliko yote. Wala haijazikwa. Machi 2013 wapiganaji wa Mai-Mai Kata Katanga, kundi linalotaka Katanga ijitenge, waliingia Lubumbashi wakiwa na bendera hiyo.

Wa pili ni Mobutu. Oktoba 1971 aliipa nchi jina la Zaire, na mwezi uliofuata ikaja bendera mpya: kijani, duara la manjano katikati, na ndani yake mkono ulioshika mwenge wenye mwali mwekundu. Ilitangazwa kama sehemu ya kurudi kwenye uhalisi, pamoja na kuacha majina ya Kikristo na suti za Kizungu. Nyota ya Leopold ikaondoka kabisa, jambo ambalo wakosoaji wa leo wanalitaka. Ila mwenge ule ulikuwa nembo ya MPR, chama alichokiunda 1967, na kila Mzaire alihesabiwa mwanachama tangu kuzaliwa. Taifa lilivishwa sare ya chama.

Nisiwe mchoyo kwa bendera hiyo. Kuna kizazi kilichokua nayo, na kumbukumbu zake si za Mobutu peke yake. Mwaka 1974 timu ya Zaire ilikwenda Kombe la Dunia kule Ujerumani Magharibi, ya kwanza kutoka Afrika kusini mwa Sahara, ikiwa na kijani na manjano kifuani, na Oktoba mwaka huo ulimwengu mzima uliitazama Kinshasa kwa ajili ya Muhammad Ali na George Foreman. Mtu anayeikumbuka kijani kwa mapenzi hamaanishi kwamba anaukumbuka udikteta kwa mapenzi. Hata hivyo, bendera hiyo iliondoka na mtu wake. Mei 1997 Laurent-Désiré Kabila aliingia Kinshasa, jina la Kongo likarudi, na pamoja nalo bendera ya 1960 na nyota zake sita, katika nchi ambayo wakati huo ilikuwa na mikoa kumi na moja.

Kasoro hii ya kuhesabu ndiyo inayonifanya niipendelee bendera ya leo kuliko ile ya 1960. Nyota sita zilipitwa na wakati mapema, kwani kufikia 1963 mikoa ilikuwa imekatwakatwa na kupindukia ishirini, na sasa, tangu 2015, iko 26. Mwaka huo wa 1963, baada ya Katanga kurudishwa, ilikuja bendera yenye nyota moja na mstari mwekundu wa damu ya waliokufa, na ndiyo iliyorudi 2006 kwa rangi ya samawati. Haihesabu mikoa wala haibebi nembo ya chama.

Wanaotaka mabadiliko hunyoosha kidole kwa jirani: Rwanda ilibadilisha bendera yake mwaka 2001, na Afrika Kusini 1994. Mfano huo una nguvu, lakini nchi zote mbili zilibadilisha baada ya kufunga ukurasa. Kongo haijaufunga. Goma iliangukia mikononi mwa waasi wa M23 Januari 2025, na Bukavu Februari. Kwa mtu wa Kivu, bendera ya samawati kwa sasa ni dai la ardhi kabla ya kuwa mjadala wa asili, na kuibadilisha vita vikiendelea kunaweza kumwachia yeyote mwenye bunduki nafasi ya kupandisha ya kwake.

Kwa hiyo nasema ibaki. Lakini sababu kubwa zaidi iko kwenye utaratibu. Bendera nyingi za kabla, kuanzia ile ya 1877, ziliamuliwa na mfalme, wanasiasa wachache au askari. Ya 2006 ilipita kwenye kura ya maoni ya Desemba 2005, ambako zaidi ya asilimia 80 waliikubali katiba. Kura hiyo ilihusu ibara 229 kwa mpigo, hivyo si sahihi kudai kwamba wananchi waliichagua nyota. Walipata, angalau, nafasi ya kuikataa.

Nafasi hiyo inaweza kupotea. Ibara ya 220 inalinda mihula ya rais na mfumo wa jamhuri, ila haiigusi bendera. Ibara ya 218 inaruhusu mabadiliko yapite bila kura ya maoni, mradi wabunge na maseneta wakikutana pamoja wayaunge mkono kwa tatu ya tano. Njia hiyo imeshatumika, Januari 2011, uchaguzi wa rais ulipopunguzwa kuwa wa duru moja. Kama kuna wanaoamini kwa dhati kwamba nyota ya Leopold iondoke, na najua wapo, wadai kwanza swali hilo liulizwe peke yake, kwenye karatasi yake ya kura, kwa Wakongo wote wa mikoa yote 26.