Msikiti wa uwanja wa ndege usifungwe kufuli

Juzi nimeona jambo lililoniuma. Mama na binti yake, mabegi mkononi, wamesimama nje ya msikiti ulio jirani na uwanja wa ndege. Waliosali Adhuhuri kwa jamaa wameshatawanyika, mlango una kufuli. Wakaambiwa wasubiri Alasiri. Ndege yao haikuwa ya kusubiri Alasiri.

Ndugu zangu, mkazi anakwenda na adhana. Msafiri anakwenda na tiketi. Sheria yetu imelizingatia hilo zamani: imempunguzia Adhuhuri, Alasiri na Isha kutoka rakaa nne hadi mbili, ikamwondolea wajibu wa Ijumaa, ikampa siku tatu za kupangusa juu ya khofu, yaani soksi za ngozi, badala ya kuosha miguu kwenye udhu, pale mkazi anapopewa moja tu. Mpita njia ametajwa katika Sura At-Tawba, aya ya 60, miongoni mwa makundi manane ya wanaostahiki zaka. Mtu aliyehurumiwa kiasi hicho, sisi ni nani tumnyime bomba la maji?

Maana maji ya udhu ndiyo shida hasa. Viwanja vingi, kwenye ukaguzi, chupa inayozidi mililita 100 inabaki hapo hapo. Ukishapita, umebakiwa na sinki la choo: unainua mguu, unaushikilia kwa mkono mmoja, maji yanachuruzika sakafuni, watu wanakukodolea macho. Mzee mwenye magoti mabovu hawezi. Kwenye msikiti wa nje kuna kigoda cha kukalia mbele ya bomba, mtu anaosha miguu mpaka vifundoni bila haraka, anaingia kusali moyo umetulia.

Najua wizi upo. Vipaza sauti vimebebwa, viatu ndiyo usiseme. Haya, fungieni vyombo kabatini, hata ukumbi mkubwa fungeni kama hamna budi. Baraza na mabomba viachwe wazi. Na sehemu ya wanawake isigeuzwe stoo ya mazulia.

Wanaonung'unika mgeni akitoa salamu baada ya rakaa mbili, jambo hilo ni jepesi: akituongoza yeye, sisi tunasimama kukamilisha zetu, akitufuata, anakamilisha nne.

Kamati ikisema haina fedha za mlinzi wa zamu, itangaze Ijumaa mbele ya waumini wote. Mchango wangu uko tayari, na najua majirani kadhaa watakaotoa siku hiyo hiyo.