Nyumba moja kwa bei ya tatu: hesabu ya mkopo wa miaka 20

Likizuka suala la makazi, lawama huwa ni ile ile: Mtanzania anajenga kidogo kidogo. Mwaka huu kiwanja, mwakani msingi, mwaka wa tatu boma limesimama, kisha hela inakata na majani yanaota sebuleni. Wataalamu wa fedha humwonea huruma. Pesa zake, wanasema, zimelala ukutani bila kuzaa, wakati angeweza kuingia benki, akachukua mkopo wa nyumba, akahamia mwezi ujao na kulipa polepole kwa miaka 15 au 20. Tangu sheria ya mikopo ya nyumba ipitishwe mwaka 2008, na kampuni ya TMRC (Tanzania Mortgage Refinance Company) ianzishwe mwaka 2010 ili kuyapa mabenki fedha za muda mrefu, wimbo umekuwa huo. Hata hivyo, katika nchi ambayo sensa ya 2022 ilihesabu watu zaidi ya milioni 61, wenye mikopo hiyo ni maelfu machache tu.

Sababu zinazotajwa tunazijua. Hati hakuna, kipato kidogo, elimu ya fedha duni. Zote zina ukweli wake. Ila ipo sababu ya nne isiyopewa nafasi kwenye makongamano: kwamba huyu anayelaumiwa amepiga hesabu. Hakutumia kompyuta, lakini jibu alilopata haliko mbali na la kompyuta.

Tuipige basi. Riba ya mikopo ya nyumba nchini imeshuka kutoka kati ya asilimia 22 na 24 mwaka 2010, na miaka ya karibuni imekuwa ikicheza kati ya 13 na 19. Tuchukue 16. Mkopo uwe shilingi milioni 100, muda miaka 20, riba itozwe kwenye salio, yaani deni lililobaki. Rejesho la kila mwezi ni kama shilingi 1,391,000. Zidisha kwa miezi 240: karibu milioni 334. Umekopa nyumba moja, umelipa tatu na zaidi.

Hapa watetezi wa mkopo wana jibu, na ni jibu zuri: shilingi ya mwaka wa 20 si shilingi ya leo. Mshahara utapanda, rejesho litabaki pale pale, na hiyo milioni na ushee inayokunyima usingizi leo itakuwa hela ya kawaida watoto wakifika chuo. Kweli. Desemba 2011 mfumuko wa bei ulifika asilimia 19.8, na aliyekuwa na mkopo wa riba isiyobadilika wakati ule alikuwa analiwa na benki huku mfumuko ukimlipia sehemu ya deni. Lakini siku hizi mfumuko unazunguka asilimia 3 na kidogo. Ukikata thamani kwa asilimia 3.5 kila mwaka, milioni 334 zinakuwa kama milioni 240 za leo. Tumetoka nyumba tatu na zaidi, tumefika karibu mbili na nusu. Nafuu ipo, ila haibadilishi mjadala.

Kinachoniumiza kichwa mimi si hata hiyo jumla. Ni namna deni linavyokataa kushuka. Rejesho la kwanza la shilingi 1,391,000 lina riba ya shilingi 1,333,000. Kinachobaki kugusa deni lenyewe ni shilingi elfu 58, hela ambayo wengine humaliza kwenye vocha na bodaboda. Mwaka wa kwanza unatoa karibu milioni 16.7, na deni linapungua kwa shilingi 750,000. Baada ya miaka mitano umeshatoa milioni 83 na nusu, unadaiwa milioni 94.7. Baada ya miaka kumi, nusu ya safari, umetoa milioni 167, na bado unadaiwa milioni 83. Nusu ya deni inafika ukingoni mwa mwaka wa 16. Hakuna aliyekuibia. Ni hesabu halali ya riba kwenye salio, na benki yoyote itakuchapia jedwali lake ukiomba. Tatizo ni kwamba wengi hawaombi, na afisa mikopo, ambaye naye ana malengo ya mwezi, anakuuliza jambo moja tu: utaweza kulipa kiasi hiki kila mwezi?

Swali hilo ndilo linalotuponza. Mteja akisita, dawa inayotolewa ni kurefusha muda, "ili rejesho liwe rafiki". Sasa tazama urafiki wenyewe. Ule mkopo wa milioni 100 ukivutwa kutoka miaka 20 hadi 25, rejesho linashuka kutoka 1,391,000 hadi 1,359,000. Umepunguziwa shilingi 32,000 kwa mwezi. Kwa unafuu huo utaongeza miaka mitano ya utumishi, na jumla ya malipo itatoka milioni 334 hadi karibu 408. Milioni 74 kwa ajili ya elfu 32 za mwezi! Upande wa pili, ukikaza kamba ukalipa kwa miaka 15, rejesho linapanda kwa shilingi 77,000 tu, hadi 1,469,000, na unaokoa karibu milioni 70. Miaka kumi: rejesho 1,675,000, jumla milioni 201.

Hili ni jambo ambalo ushauri mwingi wa mitandaoni, uliotungwa na watu wa nchi zenye riba ndogo, hauwezi kukuambia. Kwa riba ya asilimia 4, kuongeza muda kutoka miaka 20 hadi 25 hupunguza rejesho kwa karibu asilimia 13, na mtu akichagua hivyo anajua anachonunua. Kwa riba ya 16 linapungua asilimia 2 na kidogo. Riba ikiwa kubwa, sehemu kubwa ya rejesho ni kodi ya pango ya pesa yenyewe, na kodi hiyo haipungui hata ukivuta muda mpaka siku ya kiyama: milioni 100 kwa asilimia 16 inadai shilingi 1,333,000 kila mwezi, daima. Ile sera ya kujivunia mikopo ya muda mrefu zaidi na zaidi, kwa riba hizi, inamrefushia mtu minyororo bila kuilegeza.

Turudi kwa mjenzi wetu wa kidogo kidogo. Mpe pesa ile ile, shilingi 1,391,000 kila mwezi. Fedha ambayo benki ingedai kama mchango wa awali, yeye ananunulia kiwanja. Anapanga nyumba ya vyumba vitatu nje kidogo ya jiji. Tuseme kodi ni laki tano kwa mwezi, na mwenye nyumba anataka ya miezi sita mbele, kama kawaida yao. Inabaki 891,000 ya kujengea. Kwa miaka kumi ametoa milioni 60 za kodi na karibu milioni 107 kwenye ujenzi. Nyumba imesimama, deni sifuri. Mwenzake wa mkopo, kwa jumla ile ile ya milioni 167, yuko kwenye nyumba tangu siku ya kwanza, ila anadaiwa milioni 83.

Najua mapungufu ya mfano huu. Kodi inapanda. Saruji, nondo na bati vinapanda. Fundi anakula mifuko miwili kwenye kila mitano, au anachanganya zege la lenta jepesi mpaka linachanika kabla ya kupaua. Ongeza miaka miwili, mitatu. Lakini ondoa pia kitu ambacho hesabu za wataalamu hukisahau kabisa: mjenzi wa kidogo kidogo hasubiri nyumba iishe. Chumba kimoja kikipata mlango na grili, choo cha nje kikiwa tayari, bati likiwa juu, familia inahamia hivyo hivyo, sakafu ya zege tupu, madirisha yamezibwa na mabati chakavu au turubai. Siku hiyo kodi inakoma, na laki tano inageuka plasta, vigae, nyaya za umeme. Kwa mtazamo wa mgeni ile ni nyumba isiyokamilika, jambo la aibu. Kwa mwenyewe ni mkopo aliojikopesha mwenyewe kwa kuvumilia vumbi. Akikwama mwezi huu, hakuna anayempigia simu. Mtoto akiugua, ujenzi unasimama na kuta zinamsubiri. Hiyo ruhusa ya kusimama ina thamani, hasa kwa mtu mwenye duka au anayelipwa kwa mkataba wa mwaka mmoja mmoja, na mkopo wa benki hauna kitu cha namna hiyo. Ukichelewa, adhabu, ukizidi kuchelewa, taarifa ya kuuzwa.

Hata watumishi wanaokopa, wengi hukopa kwa mtindo huu huu wa hatua. Anachukua mkopo wa mshahara wa milioni 20 kwa miaka sita, anapaua. Kwa asilimia 17 atarudisha kama milioni 32. Riba ya juu kuliko ya mkopo wa nyumba, ndiyo, na mshauri atamwambia amekosea. Lakini juu ya kila shilingi 100 aliyokopa amelipa riba ya 60, wakati mkopo wa nyumba wa miaka 20 kwa riba "nafuu" ya 16 unamtoza 234. Muda unaua kuliko kiwango.

Basi mkopo wa nyumba hauna kazi? Unayo, na kuna mambo mawili ambayo mjenzi wa kidogo kidogo hana jibu lake.

La kwanza ni kifo. Mikopo ya nyumba kwa kawaida huja na bima ya maisha ya mkopaji. Mume akifariki mwaka wa nne, bima inafuta deni na mjane anabaki na nyumba yenye hati. Mjane wa mjenzi anabaki na boma, mara nyingi kwenye kiwanja chenye karatasi ya mauziano iliyogongwa muhuri wa serikali ya mtaa, na mashemeji wanaokumbuka ghafla kwamba walichangia tofali. Nani hajaona kesi ya namna hii? Bima hiyo unailipia, na ni moja ya gharama zinazojificha nje ya riba pamoja na ada ya mthamini, ya wakili, ya usajili wa rehani na bima ya moto; lakini kwa hili sioni kwamba umedhulumiwa.

La pili ni mahali. Anayejenga kwa miaka kumi na mbili hujenga pale alipoweza kununua, na jiji linazidi kumsukuma. Dar es Salaam, waliokuwa wanatazama Mbezi wakaishia Goba, wa Goba wakaishia Kibaha. Nauli na saa za foleni za miaka 20 ni gharama, ingawa hakuna jedwali linalozionyesha. Mwenye mkopo anaweza kukaa karibu na kazi angali kijana, watoto wakasoma karibu. Ukiwa na mshahara wa uhakika na kodi unayolipa sasa inakaribia rejesho, hesabu inaanza kumpa ushindi mwenye mkopo.

Kwa hiyo sisemi mtu asikopee nyumba. Nasema mkopo wa miaka 20 kwa riba hizi unafaa watu wachache kuliko tunavyoambiwa, na hata hao wanapaswa kuutumia tofauti na unavyouzwa. Kiasi kinachotangulizwa kiwe kikubwa iwezekanavyo, muda uwe mfupi kadiri mfuko unavyohimili, na pesa yoyote ya ziada iende kwenye deni mapema. Milioni moja ukiiongeza siku ya kwanza ya ule mkopo wetu inafuta marejesho 15 ya mwisho, zaidi ya milioni 20. Milioni ile ile ukiipeleka mwaka wa 15 inafuta rejesho moja na nusu hivi. Ndiyo maana kifungu cha kwanza cha kusoma kwenye mkataba, kabla hata ya riba, ni kile cha kulipa kabla ya muda: kuna tozo? Ukilipa ziada, benki inapunguza muda au inapunguza rejesho tu? Na cha pili ni kile kinachoipa benki ruhusa ya kubadili riba. Kutoka 16 kwenda 17, rejesho letu linapanda kwa zaidi ya shilingi 75,000.

Mabenki ya Kiislamu, ambayo hununua nyumba na kukuuzia kwa faida iliyotajwa, yana jambo moja ambalo ningependa lilazimishwe kwa wote: bei ya jumla inasemwa siku ya kwanza. Hilo halimaanishi kwamba wao ni nafuu, wakati mwingine mwisho wa siku tofauti ni ndogo. Lakini mtu anasaini akiwa ameona milioni 300 zimeandikwa, hakuona 1,391,000 peke yake.

Kwa mikopo ya kawaida, omba jedwali la marejesho lote, kurasa zote, ukalisome nyumbani. Uende moja kwa moja mstari wa 60, mwisho wa mwaka wa tano. Wengi hawamalizi miaka 20 kwenye nyumba moja: uhamisho, kupunguzwa kazini, talaka, biashara kufa. Ukilazimika kuuza mwaka wa tano, mnunuzi akakupa milioni 110, benki itachukua 94.7 zake kwanza, kisha dalali atachukua yake. Ulichokwishalipa hadi siku hiyo ni milioni 83 na nusu.