Walikata busu, wakaacha dhambi

Nahudumia wazee hapa Dublin. Jioni moja nilikaa na nyanya aliyepita miaka tisini tukitazama filamu ya zamani, Casablanca. Akaniambia aliiona akiwa msichana, asielewe wahusika wakuu, Rick na Ilsa, walikuwa na nini hasa, maana picha ilikuwa ikirukaruka. Mwaka 1945 mkaguzi wa filamu wa Ayalandi aliipitisha baada ya kuyakata maneno ya mapenzi yao, kwa kuwa Ilsa ni mke wa mtu.

Sheria ya 1923 ilimpa mtu mmoja mkasi huo. James Montgomery, wa kwanza kuushika, alisema wazi kwamba kipimo chake ni Amri Kumi.

Mimi ni Mkatoliki wa Kitui, nimelelewa na jumuiya ndogondogo, na amri hizo nazipenda. Kinachoniuma ni kwamba wakati Waayalandi wanakingwa na busu la kwenye sinema, wanawake na wasichana walikuwa wamefungiwa katika nyumba za masista, wakifua nguo za watu bila malipo. Ya mwisho ilifungwa 1996. Serikali iliomba radhi 2013. Mkasi haukumlinda hata mmoja wao. Ulichofanya ni kuwazoesha watu kutotazama.

Kwetu Kenya bado tunazoeshwa. Sheria ya filamu ni ya 1962, kabla ya uhuru, na bodi ya filamu inataka kusoma hadithi yako kabla hujawasha kamera. Filamu ya Wanuri Kahiu iitwayo Rafiki, kuhusu wasichana wawili wanaopendana, ya kwanza ya Kenya kuchaguliwa katika tamasha la Cannes, ilipigwa marufuku 2018. Septemba Mahakama Kuu ikairuhusu siku saba tu, na Wanairobi wakajaza ukumbi. Mwezi uliofuata Waayalandi walipiga kura kuiondoa kufuru katika makosa yaliyotajwa na katiba yao. Karibu asilimia 65 wakakubali. Jumapili iliyofuata nilienda misa kama kawaida. Padri alihubiri, tukakomunika, tukarudi nyumbani.

Binamu yangu anaandika filamu kuhusu msichana aliyepachikwa mimba na katekista, kisha kijiji kizima kikanyamaza. Majuzi amenitumia hadithi yenyewe. Katekista ameshamgeuza kuwa mwenye duka. Nilipomuuliza sababu, akasema, "Kaka, bodi haitaipitisha."

Bodi yenyewe haijaiona. Nimemwambia amrudishe katekista.