Mwandishi wa tamthilia Nairobi: stesheni au YouTube?

Vijana wanaoandika tamthilia Nairobi wanapewa ushauri mmoja siku hizi: achana na stesheni za runinga, fungua chaneli yako YouTube. Ushauri huo una mashiko. Abel Mutua alianza kama mwigizaji wa tamthilia ya Tahidi High, akaingia katika uandishi, na leo ana hadhira yake inayomfuata YouTube. Hasubiri meneja wa vipindi amkubalie hadithi.

Lakini tusiwadanganye vijana. Mutua alipohamia huko, watu walishaijua sura yake. Mwandishi wa kawaida hajulikani hata na jirani anayetazama kazi yake kila jioni, na kalamu peke yake hailipi kamera, mhariri wala waigizaji.

Stesheni, pamoja na ukali wake, inafunza. Tamthilia kama Maria ya Citizen, iliyokuwa hewani Jumatatu hadi Ijumaa, inadai skripti tano kwa wiki. Hapo ndipo mtu anajifunza kufyeka mazungumzo yaliyozidi, kuhamishia sebuleni ugomvi uliopangiwa barabarani kwa sababu bajeti imekata, au kumpeleka mhusika ushago ghafla kwa kuwa mwigizaji ameugua.

Kinachoniuma ni mkataba. Kifungu cha 31 cha Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 2001 kinasema kwamba hakimiliki ya kazi iliyoagizwa huhesabiwa kuwa imehamia kwa aliyeiagiza, isipokuwa mmekubaliana vinginevyo. Yaani ukinyamaza, umeitoa. Tamthilia ikirudiwa, au ikauzwa kwa jukwaa la mtandaoni, wewe ulishalipwa skripti yako, basi. Waandishi wa Marekani waligoma kuanzia Mei hadi Septemba 2023, na malipo ya kazi zinazoonyeshwa mtandaoni yalikuwa miongoni mwa madai yao makuu. Wao walikuwa na chama nyuma yao. Hapa kwetu wengi huketi mbele ya prodyuza peke yao, kodi ya nyumba ikiwasubiri.

Prodyuza naye ana hoja. Ndiye anayebeba hasara kipindi kikikatwa, na stesheni ikichelewesha malipo yeye ndiye anayepigiwa simu. Siwezi kumlaumu kwa kukataa kupandisha bei ya skripti. Ila kumpa mwandishi fungu la mauzo ya baadaye hakumgharimu hata shilingi kabla mauzo hayo hayajafanyika, kwa hiyo hapo sioni kisingizio.

Ningekuwa namshauri anayeanza, ningemwambia aichukue kazi ya stesheni, adai sentensi inayompa fungu la mauzo ya baadaye iandikwe katika mkataba kabla ya kutuma skripti ya kwanza, na ile hadithi anayoipenda kuliko zote asimpe mtu mpaka aione sentensi hiyo kwenye karatasi.