Kwanini Theon aligoma kuokolewa

Kuna watu wakisikia unafuatilia sizoni za majoka na wachawi wanakuona kama hujakua, wanakwambia kaangalie taarifa ya habari, kaangalie vitu vya maana. Mi nabisha. Ukitaka kumjua binadamu alivyo ndani, anavyoogopa, anavyojidanganya, anavyobeba msiba miaka na miaka huku anacheka na watu, zile sizoni za kubuni kabisa, zenye nchi ambazo hazipo kwenye ramani yoyote, zinakuonyesha kuliko tamthilia nyingi za maisha ya kawaida. Sababu yake naiona ni moja, aibu inakaa pembeni. Weka tamthilia ya mume anayempiga mke, kabla hata episodi haijafika katikati kila mtu sebuleni ameshamkumbuka mtu wa kwao na ameshachagua upande. Jambo lilelile lihamishie kwa mtoto wa mfalme wa visiwani asiyekuwepo duniani, kama Theon Greyjoy wa Game of Thrones, watu wanaliangalia mpaka mwisho na wanalielewa.

Na hapa Mbeya watu wanaangalia kweli. Kuanzia Kabwe mpaka Uyole huwezi kutembea mbali bila kukuta kijana mwenye kompyuta na spika mlangoni, unampa flashi anakujazia sizoni nzima, na baridi ya mwezi wa sita na wa saba ikikaza ndo kabisa, watu wanajifungia na blanketi wanakesha. Halafu kuna mabanda ya video ambako mnaangalia iliyotafsiriwa, DJ anaongea juu ya picha, na kule kuna sheria moja kila mtoto anaijua, STERING HAFI. Atapigwa, atatupwa mtoni, atapigwa risasi ya bega, lakini hafi.

Ndo maana Game of Thrones iliwavuruga watu. Ilianza 2011 kwenye chaneli ya HBO ya Marekani, na msimu wa kwanza tu, episodi ya 9, wanamkata kichwa Ned Stark ambaye wote tulijua ndo stering. Watu walikasirika bandani, wengine walidai DJ karuka kipande. Lakini sikiliza walichoanza kusema baada ya hasira kupoa: "Alijitakia mwenyewe, kwanini alimwambia malkia Cersei kwamba anaijua siri yake?" Yaani mtu mwema ameuawa na sisi dakika kumi baadaye tumeshamtafutia kosa.

Hii kitu imefanyiwa utafiti. Mwaka 1966 mwanasaikolojia wa Marekani Melvin Lerner na mwenzake Carolyn Simmons walichapisha jaribio ambalo wanafunzi wa chuo walikuwa wanamwangalia kwenye skrini mwanamke anayeonekana kupigwa shoti za umeme (alikuwa anaigiza, wao hawajui). Walioambiwa wanaweza kusimamisha mateso yake, karibu wote wakasimamisha. Lakini wale walioamini ataendelea kuteswa na wao hawana la kufanya walianza kumshusha, wakamwona mtu asiye na thamani kubwa. Lerner akasema binadamu anahitaji kuamini dunia ina haki, kila mtu anapata anachostahili, kwa sababu ukikubali kwamba mtu mwema anaweza kuumia bure basi hata wewe hauko salama.

Sasa nenda msibani. Kijana amefariki ghafla, hajafika hata miaka 30, na kabla jeneza halijaingia ndani kuna kundi limekaa pale kwenye moto linanong'ona, alikuwa anakunywa sana huyo, hiyo familia ina kitu, baba yao alidhulumu shamba la watu kule Rungwe. Sio kwamba wana roho mbaya, wengi wao wamechanga na wamekesha. Wanaogopa. Wanatafuta sababu ambayo wao hawana, ili wapate usingizi. Mimi hili nimelielewa kupitia Ned Stark na sioni aibu kusema hivyo.

Lakini mtu ninayetaka kumzungumzia hasa ni Theon Greyjoy.

Theon mwanzoni hapendeki. Amelelewa Winterfell, ngome ya kina Ned Stark, kama mateka, baba yake alishindwa vita, kwa hiyo amekua kwenye nyumba ambayo sio yake, wanamtendea vizuri lakini wote wanajua baba yake akileta ujinga tena yeye ndo atauawa. Mtoto wa namna hiyo anakua anatafuta mahali pa kukubalika na hapapati popote. Akirudi kwao baba anamwona ameharibika, amekuwa wa watu wengine. Basi ili amwonyeshe baba kuwa yeye ni mwanaume anaiteka Winterfell, anamkata kichwa mzee aliyemfundisha kushika upanga, na anachoma miili ya watoto wawili wa mkulima ili watu wadhani ni Bran na Rickon, watoto wa Ned. Bandani hapo watu wamechafukwa, kila mtu anataka afe.

Msimu wa tatu anaangukia mikononi mwa Ramsay, kijana katili anayefurahia kutesa watu. Ramsay hamuui. Anamtesa polepole, anamkata viungo, anamfungulia mlango wa kutoroka halafu anamrudisha palepale alipokuwa, na mwisho anamnyang'anya jina, anampa jina la kinyaa, Reek, na anampiga mpaka anaitikia jina hilo mwenyewe bila kusukumwa. Nakumbuka bandani kelele za "anastahili, mpe mpe" zikawa zinapungua episodi kwa episodi. Baba mmoja wa bodaboda aliyekuwa anashangilia kuliko wote akafika mahali akasema, "Basi jamani, imetosha sasa."

Msimu wa nne dada yake Yara anavuka bahari na watu wake, anaingia ngomeni usiku, anamkuta mdogo wake amelala kwenye banda la mbwa. Amekuja kumtoa. Mlango uko wazi, meli inasubiri. Theon anagoma. Anashikilia nguzo, anapiga kelele, anasema yeye sio Theon, anamng'ata dada yake mkono. Yara anaondoka anawaambia watu wake mdogo wangu amekufa.

Nilichokiona siku ile bandani ndo kimenifanya niandike hii makala, maana hakuna hata mmoja aliyeuliza "kwanini asiondoke?" Wote walielewa. Yule baba wa bodaboda akasema kwa sauti ya kawaida kabisa, "Anajua ni mtego, kashazoea mitego." Na watu haohao, mimi nikiwemo, huku mitaani kwetu tunamjua mama anayepigwa na mumewe kila mwisho wa mwezi, ndugu zake wameshakuja mara mbili kumchukua akagoma, mara ya pili aliwatukana, na sentensi inayotembea mtaa mzima ni "si aondoke tu, anapenda mwenyewe." Kwa Theon tuna huruma na akili. Kwa jirani hatuna.

Wanasaikolojia wa Marekani Martin Seligman na Steven Maier walilichungulia hili kwa mbwa mwaka 1967, na majaribio yale leo yanaumiza hata kuyasoma. Mbwa waliopigwa shoti ambazo hawawezi kuzizuia kwa namna yoyote, walipohamishiwa kwenye boksi ambalo wangeweza kujiokoa kwa kuruka kizuizi kifupi tu, wengi hawakuruka. Walilala chini wakalia. Wenzao ambao hawakuwahi kupitia yale mateso ya kwanza waliruka. Na kuna kipande watu wengi hawakisimulii ambacho kwangu ndo muhimu, ili wale mbwa wajifunze tena kuruka ilibidi wavutwe kwa kamba, waburuzwe mpaka upande wa pili, sio mara moja, mara nyingi, ndo mwili ukaanza kuamini kwamba upande wa pili upo. Mwaka 2016 haohao wawili waliandika upya kwamba walikuwa wameisoma kinyume, kwamba kulala chini ndo hali ya mwanzo ya ubongo ukipigwa muda mrefu, na kinachofunzwa ni ile imani kwamba ninaweza kufanya kitu. Ukielewa hivyo, ndugu wa yule mama waliokuja mara mbili wakakata tamaa hawakukosea kuja, wameacha mapema. Waende ya tatu, ya nne, ya saba, na wasiende na hasira za kutukanwa.

Na waandishi wa ile sizoni hapa nawavulia kofia kwa sababu hawakumponya Theon kwa episodi moja. Anatoroka na Sansa, binti wa Ned, mwishoni mwa msimu wa tano wanaruka ukuta kwenye theluji, anarudi kwa dada yake, anaanza kuonekana mtu. Halafu msimu wa saba Euron, baba yao mdogo, anavamia meli zao, anamshika Yara shingoni, kote watu wanakatwa ndimi na kupiga mayowe, na uso wa Theon unabadilika, unaona kabisa amerudi kwenye kile chumba cha Ramsay, na anajirusha baharini anamwacha dada yake. Mtandaoni alitukanwa sana, mwoga, bure kabisa. Lakini ndivyo akili iliyoumizwa inavyofanya kazi, sauti tu au harufu inamrudisha mtu miaka nyuma kama vile jambo linatokea sasa hivi, na madaktari wa Marekani waliiweka hali hii rasmi kwenye kitabu chao cha magonjwa ya akili mwaka 1980, baada ya askari kurudi kutoka Vietnam. Kwetu tunao wazee waliopigana vita ya Kagera, tunao madereva wa malori ya njia ya Tunduma waliotoka hai kwenye ajali ambazo wenzao wamekufa. Tunawaambia jikaze.

Hilo neno jikaze naomba nilisemee hapohapo. Kuna sizoni nyingine, WandaVision ya 2021, ina episodi 9 tu, na ni habari ya mwanamke mwenye nguvu za ajabu aliyefiwa na mpenzi wake, badala ya kulia anatengeneza mji mzima wa uongo ambamo mpenzi yupo hai na wana watoto mapacha, kila kitu kinachekesha kama vichekesho vya zamani vya TV. Tatizo ni kwamba majirani ndani ya huo mji ni watu halisi amewafunga, na usiku wanaota ndoto zake mbaya. Mi nimeona nyumba za hivyo huku bila uchawi wowote. Baba amefiwa na mke, hakulia, alikaza, baada ya arobaini akaambiwa mshukuru Mungu rudi kazini, na watoto ndani wanaishi kwenye ukimya wake miaka kumi, ruksa ya kumtaja mama hakuna. Sisi kufiwa tunajua kusaidiana siku zile za mwanzo, kwa hilo Nyanda za Juu Kusini hatuna wa kutufundisha, mtaa mzima unakuja na kuni na ndizi. Mwezi wa tatu ndo hatupo.

Max, binti wa kwenye sizoni ya Stranger Things, msimu wa nne uliotoka 2022, anabeba kingine ambacho ni kigumu zaidi. Kaka yake wa kambo Billy alikuwa anamtesa, halafu akafa akiwaokoa wengine, na Max anajua kuna siku aliomba afe. Basi anavaa hedifoni anajitenga na kila mtu. Zimwi la msimu ule, Vecna, linawinda vijana wenye hatia za namna hiyo, kwanza kichwa kinauma, pua inatoka damu, usiku majinamizi. Bibi zetu walisimulia mazimwi usiku na hakuna aliyewaita mashetani, kwa hiyo wachungaji wanaosema sizoni hizi zinaingiza mapepo kwa vijana nawaheshimu lakini nadhani wakae waangalie Max anavyosoma makaburini barua aliyomwandikia Billy. Kijana aliyefiwa na mtu aliyemchukia hana wa kumwambia. Kanisani atasema nini?

Sehemu moja nawalaumu waandishi wa Game of Thrones. Daenerys, yule malkia wa majoka, kuchoma mji mwishoni nakubali kwamba mtu aliyepoteza majoka wawili, rafiki wa damu na kila anayempenda anaweza kuvunjika hivyo, ila msimu wa nane una episodi 6 tu, wamemkimbiza, na sababu wanayoirudiarudia ni kwamba kwao kuna wazimu. Hiyo inaumiza huku kwetu. Huku mchumba anachunguzwa kama ukoo wao una wazimu au kifafa na posa inarudishwa, wakati kurithi uwezekano wa ugonjwa sio kurithi ugonjwa, ndugu wengi wa wagonjwa wanaishi maisha yao yote salama.

Na kwa ma-DJ wetu nina ombi moja, kazi yenu naipenda, mmewafungulia dunia watu ambao Kiingereza hakipandi. Ila uso wa mtu ukibaki peke yake kwenye skrini na hakuna anayeongea, naomba msijaze. Kile kipande Theon anajirusha baharini, toleo nililoliona bandani lilikuwa na utani juu yake mwanzo mwisho, na nusu ya watu hawakuona uso wake ulivyobadilika.

Kwa anayetaka kuanza, Game of Thrones ina ubakaji na ukatili mwingi, watoto walale kwanza, na kama umewahi kupitia mambo hayo mwenyewe usiangalie peke yako. Stranger Things unaweza kukaa na vijana wa sekondari, na episodi ya nne ya msimu wa nne usiwaharakishe. WandaVision inamalizika wikiendi mbili. Kwenye flashi mwambie kijana akuwekee ile isiyotafsiriwa, yenye maandishi chini.