Ukiambiwa uzime kinga, jiulize kwa nini

“Zima antivairasi kwanza, kisha fungua faili hili.” Maelezo hayo yalikuja pamoja na kraki (kiprogramu cha kuvunja kufuli la leseni ili usilipie) ya programu ya kuhariri picha, nami nikayatii bila kusita. Jioni ile kila picha yangu ilikuwa imebandikwa herufi nne mwishoni mwa jina lake, haifunguki. Kando yake pana faili la maandishi: lipa dola 980, ukiwahi ndani ya saa 72 utalipa 490. Baadaye ndipo nilipojua kuwa hiyo ni STOP/Djvu, programu hasidi inayofunga mafaili na kudai pesa, ambayo imesambaa mno kwa njia ya kraki.

Tangu hapo, nikimsikia mtu akisema torenti (faili ambalo watumiaji hupeana wao kwa wao mtandaoni) yenye wapakuaji wengi haiwezi kuwa na virusi, moyo huniuma. BitTorrent, mfumo wa torenti aliouibuni Bram Cohen mwaka 2001, hulikata faili vipande vipande na kukikagua kila kipande kinapofika. Ukaguzi huo ni wa kweli na ni wa ustadi. Ila kinachokaguliwa ni kama kipande ni kilekile alichokiweka mtu wa kwanza, basi. Kama mtu huyo alitia sumu, utaletewa sumu kamili, haikupungua hata tone, na wewe utawagawia wenzako kabla hujajua. Januari 2009 waliopakua nakala za iWork '09, programu za ofisi za Apple, kwenye torenti walipata programu iliyofanya kazi vizuri, huku kirusi kikiwa kimeshajiweka ndani ya Mac zao.

Siulaumu mtandao wa kugawana mafaili wenyewe. Linux, mfumo endeshi wa bure, husambazwa humo kila siku, kihalali kabisa. Lawama yangu ni kwa kraki. Kazi yake ni kubadilisha programu ya mtu mwingine ndani ya kompyuta yako, hivyo inakuomba ruhusa ya msimamizi, na antivairasi ikilia unaambiwa ni kelele tu. Wakati mwingine ni kelele kweli! Lakini wewe na mimi tutatofautishaje?

Bei za leseni zinaumiza, nalijua hilo. Siku hizi natumia GIMP, programu ya bure ya kuhariri picha, na imenitosha.

Mwaka 2019 Emsisoft, kampuni ya usalama wa kompyuta, ilitoa zana ya kufungua mafaili yaliyofungwa na matoleo mengi ya STOP/Djvu. Nilikesha nikiijaribu. Toleo lililonipata mimi halikuwamo.