Kantangaze haishi juu ya jani, inaishi ndani

Asante mwandishi kwa kuwakumbuka wakulima wa nyanya wa Arumeru, ila ushauri wako wa kuongeza tu dawa ya kupuliza dhidi ya kantangaze, mdudu anayeharibu nyanya, sikubaliani nao. Kantangaze ni nondo mdogo wa kijivu, hafiki hata sentimita 1. Mchana anajificha kwenye majani, usiku ndiyo anaruka. Anayetumaliza ni kiwavi wake. Akishaanguliwa anatoboa jani na kuingia ndani, anakula nyama ya kati na kuacha ngozi ya juu na ya chini. Inua jani lenye baka jeupe lielekee jua, utamwona humo, na kinyesi chake cheusi pembeni. Dawa ya kugusa, inayoua mdudu akiguswa nayo tu, itamfikiaje huko?

Huyu katoka Amerika Kusini, na nchini kwetu Tanzania aligundulika 2014, hapa hapa Ngarenanyuki, Arumeru. Tukishavuna tunaacha mashina shambani, naye anaendelea kuzaliana humo na kwenye mnavu hadi msimu mwingine. Ndugu zangu, tung'oeni mabaki yote tuyafukie, kisha tupande mahindi au vitunguu kwanza kabla ya kurudia nyanya. Na mwandishi, tafadhali tuandikie kuhusu mitego ya harufu ya jike inayonasa madume, wengi hawajaisikia.